Watoto Waliopotea Kitabuni

Kitabu chenyewe nilikiokota mtaa wa Bertrams, ndani ya boksi lililoachwa nje ya nyumba ambayo watu walikuwa wanahama. Hakina jalada. Ni maisha ya mwanasheria mmoja wa Amerika ya zamani, wakati majimbo yao yalikuwa bado mapya na barabara zao matope. Mimi shule niliiacha njiani, na Kiingereza changu nimefunzwa na wateja, lakini nilikisoma chote, simu mkononi kwa maneno magumu. Saluni yetu iko Berea, mtaa wa jirani. Kukikosekana kichwa cha kusuka nilisoma kwa sauti, na wenzangu, ambao mimi huniita Yaya, yaani dada mkubwa, wakampa yule mwanasheria jina la Babu.

"Yaya, Babu amefika wapi leo?"

"Ameshinda uchaguzi. Yuko ndani ya bunge la jimbo."

"Anasema nini huko?"

"Anadai daraja lijengwe."

"Eish! Kumbe wabunge na madaraja ni ndugu tangu zamani!"

Nilimpenda kwa sababu hakusoma chuo chochote. Alikuwa mtoto wa mkulima. Aliingia ofisi ya wakili mzee, akafagia, akawasha moto, akanakili barua na mikataba kwa mkono mpaka sheria ikamwingia kupitia vidole. Asubuhi moja majaji wakamuuliza maswali, wakampa ruhusa ya kusimama mahakamani. Nikasema, basi hata mtu wa kusuka anaweza. Nikaanza kuwaandikia watu wa kwetu waliokimbilia nchi hii barua zao za ofisini, na kila nikiandika nilinyoosha mgongo kama wakili.

Ila kitu kimoja kilinisumbua. Mwanzoni kitabu kinasema Babu alizaa watoto saba. Mbele huko, akigawa mashamba katika wosia, watoto ni wanne. Hakuna homa iliyotajwa, hakuna kaburi, hakuna hata nusu sentensi. Nilirudia kurasa moja moja. Siku zingine nilipoinua macho, niliona kama kuna watatu wamekaa kwenye benchi la wateja, miguu haifiki chini, wanangoja mtu awaite. Mimi ni mtu wa kucheka, lakini nilianza kulizunguka lile benchi mchana kweupe.

Ungefikiri mtu aliyeona hivyo angekuwa na akili.

Katika fleti yetu, tuliyoigawa vyumba kwa mapazia, nyuma ya pazia la pili, anaishi mama mmoja kutoka Uvira na watoto wake watatu. Alipoitwa ofisi ya wakimbizi kuhojiwa, alikuja kwangu nimwandikie maelezo yake. Karatasi hiyo ndiyo ingeamua kama atabaki hapa au atarudishwa kule alikokimbia. Alinieleza yote. Alipofika kwa binti yake wa miaka sita, waliyepotezana naye barabarani siku ya kukimbia, akanishika mkono wenye kalamu. Kisha akasema, "Usimwandike marehemu. Hatukukaa matanga yake."

Nilimwelewa, kwa sababu kwetu ni hivyo. Mtu ambaye mwili wake haukuonekana hakaliwi matanga, na ukimtaja na wafu ni kama umemrushia udongo akiwa hai. Lakini kuandika kwamba yuko hai nisingeweza, nani angenipa ushahidi? Nikakumbuka Babu alivyosifiwa kwa kukata kila neno lisilosaidia kesi. Nikakata. Nikaandika: watoto watatu. Sikumsomea. Nilimwambia, "Mama, iko safi kabisa," naye akaweka sahihi.

Siku ya mahojiano nilimngoja nje ya geti. Alitoka akitembea polepole. Akaniambia wamemuuliza amezaa watoto wangapi. Akajibu wanne. Ofisa akamwonyesha karatasi. Akajibu tena wanne. Wiki kadhaa baadaye jibu likaja: ombi limekataliwa, maelezo yake yanapingana, haaminiki.

Tangu hapo benchi likawa na wanne. Yule wa mwisho nilimjua kwao. Nilisuka mistari ikapinda, mteja akanipiga kibao mkononi. "Dada, uko wapi leo?" Na kule fleti, kila pazia la pili likitikisika nilisogeza miguu, kama kumpisha mtoto.

Mama hakunipigia kelele. Alikuja na ile barua, akakaa kitandani kwangu.

"Uliandika nini juu ya mtoto wangu?"

"Sikumwandika, mama. Ulisema nisimzike."

"Nilikuambia usimzike. Nilikuambia usimzae?"

Nililia, na yeye ndiye aliyenishika bega, jambo lililoniumiza zaidi.

Rufaa tuliiandika pamoja, Jumapili baada ya kanisa, mlango wazi, watoto wake wakicheza koridoni. Safari hii sikukata kitu. Nilimuuliza binti alivaa nini siku ile, akaniambia: sweta ya njano ya dada yake, mikono imekunjwa mara mbili. Nikaandika sweta, na mikono iliyokunjwa. Nikaandika kwamba mama alikuwa mbele, mtoto nyuma ameshika kamba ya mzigo wake, kisha watu wakasukumana, na kamba ikabaki bila mkono. Nikaandika kosa lilikuwa langu mwandishi, si la mama. Mwisho nikaandika: hatujui alipo. Nafasi ya jina la binti niliiacha wazi, mama akaijaza mwenyewe, herufi kubwa kubwa.

Tulipeleka pamoja. Karani alisoma juu juu, akaongeza muda wa kibali cha mama cha kukaa hapa mpaka rufaa isikilizwe. Jibu la rufaa bado hatujalipata hadi leo. Siku ile karani akainua mhuri agonge karatasi ya rufaa. Mama akaweka kiganja juu ya karatasi, pale kwenye jina.

"Mama, toa mkono," karani alisema kwa Kiingereza.

Nikamtafsiria. Hakutoa.

"Mwambie agonge pembeni," alisema. "Nafasi ipo."

Karani alinitazama mimi, akamtazama yeye, akashusha pumzi. Akagonga pembeni.