Kuku wa Kukomboa Kigari

Dastani alichukua kigari cha marehemu mume wangu kwa utani wa msibani, akapokea kuku wa kukikomboa, akamla, na kigari hakukirudisha. Mzee Swalehe, aliyemkabidhi kuku huyo kwa mkono wake mwenyewe, amenyamaza mpaka leo. Hayo ndiyo niliyotendewa. Nayasema mwanzoni kwa sababu watu wa Nachingwea wakiyaeleza huanza na kicheko, na wakimaliza kucheka huwa wameshasahau kwamba kuna mtu aliyedhulumiwa.

Mimi ni Mwamini, Mama Biasha. Shule sikwenda. Mwandishi wa barua pale sokoni ndiye anayeandika, mimi nasema, na nimemwonya asinipambie maneno.

Nilizaliwa hapahapa kabla hapajawa mji. Ua wa mama yangu ulikuwa na vihenge viwili, kinu kimoja, na njia ya kuteremkia mtoni. Mwaka wa arobaini na nane zikaja katapila mbili zilizofungwa mnyororo mmoja mnene, moja huku na moja kule, zikaenda sambamba, na msitu ukalala chini kama mtama uliopitiwa na tembo. Wazungu walisema wanataka kulima karanga. Sisi tuliambiwa tusogee. Tukasogea. Juu ya ua wa mama yangu wakasawazisha uwanja wa kuchezea tenisi. Mwaka uliofuata nikapata kazi ya yaya, nikawa nasukuma kigari cha mtoto wa Kizungu kuzunguka uwanja ule, na kila nilipofika pembe ya kusini nilijua nakanyaga jiko la mama.

Nyumba nne nililea watoto. Kwa hiyo kambi ile ya Wazungu naijua ndani na nje: nani alilala wapi, nani aligombana na mkewe, bwana yupi alikuwa akilia barazani kila zilipokuja barua. Mume wangu Seleman alikuwa karakana, akiwapa mafundi spana. Hakuitwa fundi, lakini mkono wake ulijua chuma kuliko wengi walioitwa hivyo.

Karanga zilishindwa. Mvua ilikataa, udongo ukawa mgumu kama tofali, trekta zikafa moja baada ya nyingine. Mwaka wa hamsini na moja Wazungu wengi wakaondoka, nyumba zikafungwa, nyasi zikaingia barabarani. Mji mpya, haujakauka hata rangi, ukawa mji wa kale. Tuliuita Kambi ya Zamani, na watoto waliozaliwa mwaka ule wa kuhamishwa walikuwa hawajang'oka hata meno.

Seleman akaokota baiskeli mbili zilizotupwa na kiti cha lori bovu. Alikata, akakunja, akafunga kwa waya mahali pasipofungika. Kigari cha kwanza kilipinduka mbele ya msikiti siku ya Ijumaa na kumtupa yeye mwenyewe kwenye tope. Cha pili kikasimama. Gurudumu moja mbele, mawili nyuma, yeye mbele anakanyaga, abiria wawili nyuma kwenye kiti cha lori. Ngozi ya kiti ilikuwa imechanika. Nikaishona mimi kwa ukili wa miyaa.

Mwanzo alibeba wagonjwa na magunia. Lakini watu waliokuja kuuza ufuta kutoka Ruangwa, Matambarale na Chunyu walikuwa wakimwambia, "Bwana Seleman, hebu tuzungushe tuone huo mji uliokufa." Kila nyumba huko ilikuwa na kaka au mjomba aliyewahi kufanya kazi ya karanga, na wote walitaka kuona. Wanawake nao walitaka, ila mwanamke wa watu hawezi kuketi nyuma ya mwanamume asiye wake akapelekwa kwenye nyumba tupu. Basi mimi nikawa nakaa pembeni yake. Nikikaa, siwezi kunyamaza. Nikawa naeleza.

"Hapa palikuwa bwalo. Jioni ungesikia vicheko mpaka Naipanga."

"Na hapa?"

"Hapa bwana mmoja alifuga mbwa aliyekula nyama kuliko sisi wote."

"Sasa Mama Biasha, karanga zenyewe ziko wapi?" aliniuliza mzee mmoja wa Matambarale.

"Waulize waliokwenda nazo, babu."

"Walikwenda nazo mifukoni?"

"Zilizopatikana zingetosha mfukoni."

Walicheka, na Seleman mbele alicheka mpaka kigari kikayumba. Kisha nilikuwa nawapeleka uwanja wa tenisi, nawaambia: hapa ni kwa mama yangu. Hapo hapakuwa na kicheko. Miaka mitatu tulifanya kazi ile, yeye miguu, mimi mdomo. Walitulipa ufuta, muhogo mkavu, mara nyingine kuku. Sikuwa tajiri, lakini nilikuwa na mahali pa kuketi ambapo watu walinisikiliza.

Mwaka wa hamsini na tano homa ikamchukua Seleman kwa siku nne.

Sasa nieleze utani, kwa sababu ndiko nilikochinjiwa. Ukoo wa Seleman na akina Dastani ni watani tangu mababu. Dastani ni Mmakua, alikuja kuendesha trekta za karanga, akabaki. Kazi ya mtani msibani inajulikana: anazuia machozi yasiwazamishe watu. Anaweza kulala mlangoni akakataa maiti asitoke, anaweza kunyakua kitu cha marehemu. Akinyakua, wafiwa wanakikomboa siku ya kuanua matanga, kwa kitu kidogo tu, na kitu kinarudi. Anayeshika kitu kilichokombolewa si mtani tena.

Dastani alivaa kofia ya Seleman, akapanda kigari, akazunguka ua huku akipiga kelele, "Mimi ndiye Seleman! Nani anakwenda Ulaya? Panda, panda, karanga zimeiva!" Hata mimi ndani nilicheka na machozi yangu. Silikatai hilo. Siku ile alinifaa.

Siku ya tatu, ya kuanua matanga, Mzee Swalehe, mjomba wa Seleman, ndiye aliyegawa vitu. Panga na nguo vilikwenda kwa ukoo wao, kama ilivyo desturi. Kigari akasema ni cha mjane, kwa kuwa tulikifanyia kazi wawili. Mimi nilikuwa nimeshaingia eda. Mjane wa eda hasimami mbele ya wanaume akasema, anasemewa. Nikampa Mzee Swalehe kuku wangu mwekundu, yule mtagaji, nikamnong'oneza, "Mjomba, huyu ni wa kigari." Akatoka naye. Mlango wangu ulikuwa wa mabua. Nikamsikia kwa masikio yangu akimwambia Dastani, "Mtani, shika kuku, kigari kimekombolewa." Dastani akajibu, "Mdogo huyu, lakini nampokea." Uani ngoma zilikuwa zinalia, wengine hawakusikia. Kofia akaitupa mlangoni kwangu. Kuku akachinjwa palepale, na Mzee Swalehe akala paja.

Kigari hakikuja. Nikadhani mtani ananitunzia mpaka nitoke eda. Miezi minne na siku kumi nilikaa ndani nikisikia kengele ya kigari changu ikipita njiani.

Nilipotoka nikamwendea. Alikuwa amekipaka rangi ya kijani.

"Shikamoo yako iko wapi, mtani?" akaniuliza akicheka.

"Kigari changu kwanza."

"Kigari? Si ulikomboa kofia? Kofia ulipewa. Kuku mmoja, kitu kimoja. Au ulitaka kwa kuku yule mwembamba nikupe na gari moshi la stesheni?"

Watu wakaangua kicheko. Nikapeleka shauri barazani kwa jumbe. Akanisikiliza, akauliza, "Ulimwona akipokea?"

"Nilisikia. Nilikuwa ndani, nina eda."

"Nani alikuwapo?"

"Mzee Swalehe."

Mzee Swalehe akaitwa. Akakohoa, akatazama fimbo yake, akasema, "Kulikuwa na kelele nyingi siku ile. Kuku nilimtoa. Maneno siyakumbuki." Jumbe akafunga kwa kusema utani hauna kesi. Nilipotoka nje niliona kwa nini mjomba amesahau. Kigari kilikuwa kinamsubiri. Miguu yake imevimba, hawezi kutembea mpaka msikitini, na Dastani humchukua kila Ijumaa na kumrudisha, bure.

Niliomba kwa imamu, akanishauri subira. Nilikwenda kwa ndugu zangu, nao wakasema ugomvi na mtani huleta mkosi. Nikamtuma mwanangu Biasha akazungumze na mke wa Dastani, akarudi na kibaba cha mchele. Nikaurudisha.

Mwaka jana, siku ya mnada wa ufuta, Dastani mwenyewe akaja mlangoni kwangu. Uso haukuwa na haya hata kidogo.

"Mama Biasha, kuna mama ametoka Chunyu, anaitwa Goreti. Anataka kuona kambi alikofanya kazi kaka yake. Hapandi na mimi peke yake. Njoo ukae naye, nitakugawia."

Nilitaka kumfungia mlango. Kisha nikaona: huyu amekuja kwangu kwa miguu yake. Nikajifunga kanga, nikatoka. Nikaketi kwenye kiti nilichokishona, kama kibarua.

Goreti alikuwa mwanamke wa makamo kama mimi, ana rozari shingoni na kikapu magotini. Dastani akaanza kukanyaga na kueleza. "Hapa ndipo alipolala Mzungu mkuu. Vyumba ishirini!"

"Vyumba vitatu," nikasema. "Na hakuwa mkuu, alikuwa daktari wa meno."

"Mtani, usiniharibie."

"Kanyaga wewe. Mdomo ni wangu."

Goreti akacheka. Tukapita karakana, trekta zimelala na kutu, masega ya nyuki ndani ya tumbo la moja. Tukafika uwanja wa tenisi, Dastani akasema hapo Wazungu walikuwa wakianika karanga. Nikamwambia simama. Nikashuka, nikamwonyesha Goreti pembe ya kusini, nikamwambia jiko lilikuwa hapa, kinu pale. Goreti akaniuliza, "Dada, na wewe wajua haya yote, mbona kigari ni cha huyu?"

Nikamweleza, mwanzo mpaka mwisho, Dastani akisikia. Akabaki kuchezea kengele. "Maneno ya mjane," akasema. "Muulize Mzee Swalehe."

"Haya," nikasema, "tupeleke."

Hakutarajia. Lakini abiria alikuwa ameshasema twende, ikabidi akanyage.

Mzee Swalehe alikuwa amekaa kibarazani, miguu kwenye beseni la maji ya chumvi. Nilipiga goti, nikamwamkia kama inavyopasa. "Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mwanangu."

"Mjomba, huyu ni mgeni, hamjui yeyote kati yetu, hana upande. Mwambie yeye. Kuku wangu mwekundu alikomboa nini?"

Akatazama miguu yake. Akamtazama Dastani.

"Kuku aliliwa, mwanangu," akasema. "Kilicholiwa kinaulizwa nini tena?"

"Nauliza ulichosema, si ulichokula."

"Mimi mzee. Nani atanipeleka msikitini?" Akasema hivyo kwa sauti ya chini, nadhani hakukusudia tusikie. Kisha akapandisha sauti: "Siyakumbuki."

Goreti akainuka na kikapu chake. Akamwambia Dastani, "Baba, mimi kwetu kitu cha maiti kisichokombolewa hakikaliwi. Kama kuku ni wa kofia, basi kigari hiki bado kipo msibani, nami nimekikalia tangu asubuhi. Kama ni wa kigari, si chako. Chagua."

Dastani akageuza usukani. "Panda nikurudishe sokoni, mama, jua kali."

"Nitatembea."

Tukatembea wote wawili. Njiani Goreti alinipa nusu ya ufuta wake, nikakataa, akaumimina kwenye ncha ya kanga yangu kwa nguvu.

Habari ilifika Chunyu kabla ya mvua, ikapita Matambarale, ikafika Ruangwa. Hakuna mwanamke anayepanda kigari kile sasa. Wanaume nao wanakisogelea kwa mashaka. Dastani anabebea magunia ya korosho, na kiti changu amekitoa ili mizigo ikae vizuri. Wameniambia kiko nyuma ya banda lake la kuku. Watu wananipongeza kwamba nimeshinda. Nimeshinda nini? Wageni hawazunguki tena. Kambi ya Zamani inabomolewa mabati usiku na mchana, na uwanja wa tenisi umeota magugu. Wanaokuja kuuliza palikuwa nini, hakuna wa kuwaeleza, na mimi miguu yangu peke yake haifiki kote.

Kwa hiyo nasema kilichobaki. Dastani ana deni la kigari, magurudumu yote matatu, pamoja na kiti alichokitoa. Kakipaka rangi, rangi sidai. Mzee Swalehe deni lake ni maneno mawili tu, aliyoyasema kwa mdomo wake mlangoni kwangu: kigari kimekombolewa. Ayaseme tena, Ijumaa, nje ya msikiti, watu wakisikia. Ana pumzi ya kuyasema. Nilimsikia jana akimfokea mbuzi.