Nusu Ampoule ya Namba Saba

Kliniki ilikuwa na siku tatu iko tupu wakati simu ya guichet, lile dirisha langu la malipo, ililia.

Nilishituka mpaka nikamwanga chai. Siku zile Uvira hata motards, wale wa pikipiki, walikuwa wamepotea ku barabara.

"Allô? Kuko mutu?" sauti ikauliza.

Kuko minye tu.

Naitwa Placide. Minye si muganga. Minye ni facturier, naandika factures, zile hesabu za malipo, za kliniki ndogo ya kusafisha damu, ya watu wenye figo zao zimechoka. Mwaka jana, mwezi wa kumi na mbili, vita iliposhuka plaine, lile bonde la Ruzizi, wagonjwa, dokta, infirmières wa kuchoma sindano, wote walivuka kwenda Burundi. Bibi yangu Amandine na watoto nao wakavuka. Minye nikabaki kulinda vyombo. Nilisema ni siku mbili tu, nitawafuata. Nyuma ya pale wakafunga mpaka.

Acha tu. Nilifika pahali pa kusema na mashine. Kweli kabisa! Asubuhi naziambia "jambo", mangaribi naziambia "tulale".

Sasa ku simu kuko sauti ya mwanamuke.

"Naitwa Délice. Niko infirmière mu hopitali moja ya Bujumbura. Tumepokea wagonjwa wenu sita, bila papier hata moja. Dokta wenu hatumuone. Siku tano hawajasafishwa damu. Nataka kujua kila mutu alikuwa anachomwa dawa gani na kipimo gani."

Fiches za wagonjwa hazikuwa tena. Wezi waliingia siku ya kwanza, wakabeba kabati, makaratasi wakayamwanga mu mvua. Lakini registre yangu, kile kitabu cha factures? Ile nililala nayo chini ya kichwa.

"Madame," nikamuambia, "umefika ku mwenyewe."

Weh! Nilisoma kama padri ku misa. Mugonjwa namba mbili, fer ya kuchoma, dawa ya madini ya chuma, ampoule moja, kale kachupa ka dawa. Namba ine, ile sindano ya kuongeza damu, moja kwa juma. Minye mwenye wananiitaka Monsieur Code, juu ya code zangu za malipo, mwenye hawanialike hata kunywa bière, leo njo minye naokoa watu!

"Namba saba, Habonimana, mulimaji wa Kiringye. Héparine, ile dawa ya kuzuia damu isigande mu mashine. Ampoule moja nzima."

"Nzima?"

"Nzima. Iko imeandikwa hapa, miaka mbili."

"Aksanti sana, papa Placide. Mungu akubariki. Mashine inawangoja, acha nikimbie."

Akakata. Nikajipikia bugali na ndagala, nikala nikiimba.

Ni wakati wa kuosha sahani njo sauti ya Charlotte ikanirudilia.

Charlotte ni infirmière wetu. Siku moja alinijia ku guichet, mukono ku kiuno.

"Weye Placide! Huyu mzee wa namba saba tumbo lake linatoka damu. Namuchoma nusu tu, nusu naimwanga. Juu ya nini unaandika nzima?"

"Ampoule ikifunguliwa imekwisha," nikamujibu bila kuinua kichwa. "Assurance yenye kulipia wagonjwa haina code ya nusu. Weye choma, minye niandike."

"Hii code yako siku moja itaua mutu."

"Code haiue mutu, Charlotte. Endelea na kazi."

Sahani ikaniponyoka.

Mungu wangu! Nilikuwa nimemusomea Délice kile chenye kilifunguliwa, si kile chenye kiliingia mu mwili. Na kwa mzee mwenye kidonda mu tumbo, ile nusu ingine inatosha kumumaliza.

Nikarukia simu. Hakuna réseau, mtandao umekatika.

Nikatoka mbio, nikapanda kilima cha nyuma, simu juu. Hakuna. Kesho yake tena, hakuna. Nikasimama pale nikiangalia Bujumbura ng'ambo ya maji. Ukiwa na macho mazuri nyumba zake unaziona. Na minye nilikuwa na neno moja tu la kufikisha kule: nusu. Sikuwa na wa kumupa.

Hata wa kumuambia mabaya yangu hakukuwa. Amandine angenigombeza, ningepona kidogo.

Usiku nikajaribu kukumbuka sura ya Habonimana. Miaka mbili, mara mbili kwa juma, alikuwa anapita mbele yangu. Sura haikuja. Ilikuja namba tu. Hapo njo nililia kabisa. Umeua mutu, na haujue hata kama alikuwa na ndevu!

Siku ya saba, asubuhi, simu ikalia. Niliiangalia. Niliogopa. Nikapokea.

"Mwaramutse." Sauti ya mzee, ananipa salamu ya asubuhi kwa Kirundi.

"Ni nani?"

"Namba saba."

Nikakaa chini ku sakafu.

"Papa Habonimana? Uko muzima?"

"Niko. Délice alikuja na sindano imejaa. Nikamushika mukono, nikasema punguza, minye ni wa nusu. Akasema facturier wenu amesoma nzima. Nikamuambia, ule anaandikaka kachupa, haandike damu yangu."

"Ulijua namna gani, papa?"

Akacheka kidogo.

"Siku mligombana na Charlotte, minye nilikuwa pale. Nilikuwa nimeegemea guichet yako. Nilikuwa nimekusalimia, nangoja uitike. Mukanigombania juu ya kichwa, haukuniona."

Nikavuta registre ku magoti.

"Nisamehe, papa."

"Ile kelele yenu njo iliniokoa, mwanangu. Bila ile, ningejua wapi?"

"Sasa unanipigia juu ya nini?"

"Délice alisema uko peke yako mule ndani. Nikasema, wacha nimusalimie tena, pengine leo ataitika. Siku tatu napiga, haipite."

Akanisalimia upya, pole pole.

"Mwaramutse, Placide."

"Mwaramutse, papa," nikasema, na machozi yakanishuka mpaka ku registre.

Sasa mpaka umefunguliwa, watu wamerudi, na minye nimerudi ku kazi. Kwa kila dawa naandika mistari mbili, chenye kiliingia mu mwili na chenye kilimwagwa. Assurance inalalamika. Ilalamike!

Lakini weye mwenye unasoma hii ukiwa nyuma ya guichet yako, nakuomba kitu kimoja. Mutu akikusalimia, inua kichwa, umuangalie, uitike. Salamu haina code, lakini usipoiitika siku moja utaitafuta ku kilima na simu juu.

Na papa Habonimana ako na ndevu, fupi, nyeupe. Nilimuuliza ile asubuhi ku simu, akacheka mpaka akakohoa.