Mwanga Ndani ya Shimo la Malinya

Kama unataka kucheka, cheka sasa umalize, kwa sababu haya ninayokueleza yalinipata mimi mwenyewe, saa nne asubuhi, jua likiwaka, na sikuwa nimeonja pombe. Hata huwa sinywi. Mimi ni mchimba dhahabu hapa Malinya, Kakamega, huu mwaka wa tisa.

Shimo letu tulilichimba wawili, mimi na Shivachi, kaka ya mke wangu. Mmoja anashuka, mwingine anabaki juu na kamba. Anayeshika kamba ameshika roho yako, kwa hivyo huwezi kuchimba na mtu usiyemwamini. Shivachi nilimwamini kuliko ndugu zangu wa tumbo moja.

Mvua ndefu zilipokwisha tulikuta shimo limejaa maji. Tukakodi pampu, ikanguruma siku tatu. Maji yakashuka hadi mahali fulani, halafu yakakataa kabisa. Siku ya nne tukaizima, nikamwambia Shivachi anishushe nikaangalie kama mpira wa pampu umeziba.

"Pole pole, shemeji," akasema. "Ukiona hewa ni mbaya, vuta kamba mara mbili."

Nikashuka mpaka mdomo wa shimo ukabaki mdogo kama sahani. Nikakanyaga gogo lililokuwa limezama, maji yakanifika magotini. Tone likanirukia mdomoni. Niamini, lilikuwa la chumvi. Kutoka Kakamega mpaka baharini ni siku nzima kwa basi. Hiyo chumvi ilifikaje?

Kabla sijafikiria zaidi, nikasikia mlio. Ulitoka chini, mzito, mrefu, kama fahali anayekoroma kabla ya kupigana, ila fahali mkubwa kuliko kijiji kizima. Meno yaligongana, mbavu zikatetemeka, udongo ukaanza kupukutika kutoka ukutani.

Kisha maji yakawaka.

Nikadhani ni tochi yangu ya kichwani. Nikaizima. Mwanga ukazidi, wa buluu inayokaribia kijani, ukitoka mbali sana chini. Shimo letu lilikuwa na upana wa kitanda tu, lakini chini ya miguu yangu hakukuwa na ukuta. Maji yalitanda kila upande, hayana ukingo, hayana mwisho. Jamani, ilikuwa bahari. Bahari nzima, chini ya mahindi na migomba yetu! Na ule mwanga ulikuwa unapanda.

Mlio ukakoma. Kwenye kimya kile nikaitwa kutoka majini.

"Shemeji, shuka kidogo. Niko hapa."

Ilikuwa sauti ya Shivachi. Nilijua Shivachi yuko juu, kamba ilikuwa imekaza kiunoni mwangu. Nilijua kabisa. Lakini mdomo ulinitangulia.

"Naam, shemeji," nikaitika.

Hapo ndipo nilipokosea. Mwanga uliruka kuja juu kama kitu kilichokuwa kikingoja ruhusa. Nikavuta kamba, si mara mbili, labda mara kumi. Shivachi akanivuta kwa nguvu zake zote mpaka nikaanguka kwenye udongo, suruali ikichuruzika maji. Akapiga magoti kunifungua.

Ndipo sauti ikatoka shimoni. Safari hii ilikuwa yangu, na ukwaruzo wake wote.

"Shivachi! Mbona umeniacha? Nivute!"

Mikono yake ikasimama kwenye fundo. Akatazama shimo. Akanitazama mimi.

"Kama uko huko chini," akauliza polepole, "wewe ni nani?"

"Shivachi, ni mimi!"

"Shivachi, ni mimi!" ikasema ile sauti ya shimoni, wakati uleule.

Akakimbia. Nikamfuata nikimwita, na kila nilipomwita aliongeza mbio.

Majirani walipokuja hawakusikia chochote, wala hawakuona mwanga. Mwenye shamba akaamuru shimo lifukiwe siku hiyohiyo. Shivachi akarudi mbio kuwazuia, wanaume wanne wakamshika. Alilia mpaka sauti ikakauka: "Mnamzika mtu akiwa hai! Mnamzika shemeji yangu!" Nami nilikuwa nimesimama palepale, nikiwatazama wakitupa udongo.

Sasa ni miaka miwili. Jioni ya siku ile mke wangu aliniuliza jina la mtoto wetu wa kwanza, aliyeishi siku mbili tu, jina tunalolijua sisi wawili peke yetu. Nikalitaja. Akalia, akanipakulia obusuma, ugali wetu, tukala. Lakini mpaka leo nikigeuka kitandani namkuta macho wazi, ananitazama. Nakumbuka harusi yetu. Nakumbuka kaburi la mama. Basi ni mimi, ama?

Shivachi hakanyagi tena kwetu. Kila Jumapili akitoka kanisani anaenda pale, anainama juu ya ule udongo, analiita jina langu, anaomba msamaha.

Kwa hivyo nakuomba. Ukiwa kwenye shimo, kisima, hata mtoni, ukaitwa kutoka chini, funga mdomo, hata kama sauti ni ya mama yako. Na ukipita Malinya Jumapili ukamkuta mtu akiuita udongo, usimcheke, wala usimsaidie kuita. Ukisikia kuna anayemwitikia, tafadhali, usije kuniambia.