Hundi Aliyoona Haya Kuidai

Ghayas Momin alikuwa na mkono mwepesi. Mtaani kwao Malegaon, mji wa wafumaji huko India, ambako mashine za kufuma hunguruma tangu alfajiri, watu walimpenda na kumkwepa papo hapo. Aliwahi kumng'oa muuza chai jino kwa neno moja tu juu ya marehemu baba yake, kisha akampeleka mwenyewe kwa daktari, akalipa, wakarudi wakicheka. Mtu wa namna hiyo utamweza wapi?

Kitu kimoja alikionea haya, nacho ni kudai. Nyuzi alizichukua kwa mkopo kwa mzee Iltifat, tajiri wa nyuzi, na kama wafumaji wote wa pale, alimwachia hundi yenye sahihi yake bila kuandika kiasi, iwe dhamana. Deni alilimaliza lote kwa fedha taslimu. Hundi hakuiomba. Kwao, kumwambia tajiri wako akurudishie hundi ni kumwita mwizi mbele ya wanawe, na Ghayas alishakula biriani ya mzee yule kwenye harusi zote za nyumba ile. Mimi simlaumu. Mkewe, Rabia, alimlaumu kila siku.

Mzee akafa. Mwanawe, Shahzeb, akaikuta ile hundi, akaijaza rupia laki mbili, akaipeleka benki, na benki ikaikataa kwa kuwa akaunti haikuwa na kitu. Mahakamani, alikoshtakiwa kwa hundi iliyokataliwa, Ghayas aliapa kwamba alishalipa. Hakimu akauliza risiti, hakuna. Akauliza sahihi ni ya nani, ni yake. Basi akaamriwa kulipa fidia ya laki nne, mara mbili ya hundi kama sheria ya huko inavyoruhusu, asipolipa aende jela miezi sita. Ghayas alimrukia Shahzeb mlangoni pa mahakama na kumkaba koo mpaka macho yakamtoka, askari wakamwachisha kwa marungu.

Jela aliichagua mwenyewe. "Afadhali nile marungu kuliko kumlisha yule mbwa," alimwambia Rabia. "Nikitoka, tumemalizana."

Marungu akayala kweli. Nyusi ilipasuka, ubavu ukavunjika, naye akamkata mfungwa mmoja kipande cha sikio kwa meno. Kila alipopigwa alijifariji kwamba deni linapungua. Masikini, hakujua kuwa sheria haihesabu hivyo.

Aliporudi, alizisikia mashine zake zote sita zikifanya kazi. Akadhani Rabia ameajiri fundi, na kwa kuwa ubavu ulikuwa bado unamuuma, hakuingia chumba cha mashine. Usiku huo Rabia alipoanza kutaja fidia, Ghayas aliitupa sahani ya dengu ukutani na kumwambia neno hilo asilisikie tena nyumbani mwake. Rabia akaokota vigae.

Kabla wiki haijaisha, dalali wa mahakama akaja na vibarua na lori, Shahzeb akiwa nyuma yake.

"Ndugu yangu," dalali alisema taratibu, "jela ulikwenda kwa sababu hukulipa. Fidia yenyewe iko palepale."

Ghayas alicheka, akainama, akaokota nyundo kubwa. Pigo la kwanza lilimkuta Shahzeb kwenye mkono aliouinua kujikinga; mfupa ulilia, akaanguka chini akipiga mayowe. Vibarua wakatimka. Kisha Ghayas akazigeukia mashine.

"Mnazitaka? Haya, zibebeni!"

Alipiga chuma kikapasuka, akapiga magurudumu, akapiga fremu. Nyuzi zilikatika, kitambaa kikalowa damu ya viganja vyake. Kusema kweli aliona raha, raha ambayo hakuwahi kuionja tangu siku ya hukumu. Mashine ya mwisho ilikuwa ya baba yake. Aliipiga hiyo kuliko zote.

Alipogeuka akamwona Rabia kando ya ukuta. Wanawake wa nyumba yake hawakuwa na desturi ya kuingia chumba cha mashine, lakini yeye alikuwa mle tangu asubuhi. Ndipo Ghayas akaitazama mikono ya mkewe kwa mara ya kwanza tangu arudi. Ilikuwa na makovu mapya, na kidole kimoja hakikuwa na ncha.

"Baba Nazneen," Rabia alisema, "miezi yote hiyo niliyekuwa nafuma ni mimi. Nusu ya fidia nimeshalipa, na dhahabu yangu imekwenda humo. Leo walikuwa wanachukua mashine mbili tu kwa nusu iliyobaki, tuliandikiana mbele ya hakimu. Nne zilikuwa zetu."

Ghayas alitazama chumba kizima, akitafuta hata moja iliyosalia.