Pazia la Harusi ya Rukia

Hadi leo nikipita Muyeye mtu akiniita "Bi Nguzo" naitika tu, maana nikikataa ataanza kuwaeleza wenzake jina hilo limetoka wapi, na mimi, ikiwa aibu yangu ni lazima ielezwe, afadhali niieleze mwenyewe.

Ilikuwa harusi ya mdogo wangu Rukia. Mama yetu magoti hayamwezeshi tena, kwa hivyo kazi yote ya kutayarisha kiwanja niliichukua mimi, mkubwa wao, na nilipoulizwa kama tuwaite mafundi wa turubai nikasema hapana, turubai tunaazima, tunalisimamisha wenyewe, viti tunapanga wenyewe, pazia nitashona mimi, na shughuli ikiisha tutafagia wenyewe. Mashangazi wakatazamana (nawajua wanavyotazamana, nimekua nikiona). Hapo ndipo nilipokaza roho. Nilitaka watu wa bwana harusi, wanaotoka Mariakani na ambao hatukuwa tumezoeana nao, wafike waseme Rukia ana watu.

Kiwanja chenyewe kiko kati ya nyumba yetu na ya jirani, Mzee Bakari. Wanawake wangekuwa chini ya turubai kumtazama bi harusi aliyepambwa, wanaume kwenye baraza ya Mzee Bakari na kahawa yao, na katikati pazia refu jekundu nililolishona mpaka vidole vikafa ganzi, maana kwetu sisi mle ndani hakuna buibui, wanawake wako na nywele zao na madera yao, na hakuna mwanamume anayepaswa kuona hata kisigino.

Asubuhi tulifanya kazi vizuri. Kona zote zikashika isipokuwa moja, ya upande wa njia, ambako mchanga ulikuwa laini mno, kigingi tunapigilia kinatoka, tunapigilia kinatoka. Ndugu yangu Athmani akaweka nyundo chini akasema, "Dada, hapa tuchimbe shimo, tufukie gunia la mchanga, kamba tuifunge humo."

Mimi nikatazama jua, nikatazama viti ambavyo havijapanguswa, nikaitazama pikapu yake iliyoegeshwa pale pale kando.

"Funga kwenye pikapu," nikasema.

"Na mtu akiitaka gari?"

"Nani ataitaka? Lete ufunguo, nitakaa nao mimi."

Akanipa, nikautia mkobani, na wallahi nilijiona nimemaliza akili zote za Malindi.

Alasiri shughuli ikachangamka. Rukia amekaa kitini, hina mpaka viwikoni, wanawake wanacheza, mimi nazunguka na sinia la visheti huku nikiwasikia mashangazi wale wale wakisifu (nilipita pale zaidi ya ilivyohitajika). Aliyekosekana ni Bi Saumu, mama wa bwana harusi. Mara simu ikaja kwamba gari lao limepata pancha huko Ganda, wamesimama juani kando ya barabara, yeye na dada zake. Moyo ukanipasuka. Nikatoka mlango wa nyuma nikamkuta mjomba wangu Kombo, aliyekuwa ndiyo kwanza anafika na hajui habari ya kamba wala kigingi, nikafungua mkoba, nikatoa ufunguo, nikamkabidhi kwa mkono wangu huu.

"Mjomba, chukua pikapu ya Athmani, kimbia Ganda ukawachukue wakwe."

Ndiyo, mimi mwenyewe. (Athmani alikuwa amekwenda kununua barafu, na hata angekuwapo nafikiri ningembishia.)

Nilikuwa nimerudi ndani, sijafikia hata sinia langu, niliposikia injini ikiwaka, na hapo hapo nikakumbuka, nikageuka mdomo wazi, lakini Mjomba Kombo ni mtu msikivu, ameambiwa akimbie, akakimbia. Kamba ikakazika, nguzo ya kona ikang'oka, turubai likainama upande mmoja, na pazia langu lote, lililonaswa na kamba ile, likateleza likatoka, likamfuata mjomba njiani.

Tukabaki sisi na baraza, uso kwa uso. Taarabu iliendelea kuimba peke yake kwenye spika, wanawake mikono juu vile vile walivyokuwa wakicheza, wanaume vikombe midomoni. Aliyetuokoa ni Mzee Bakari. Alishusha kikombe chake taratibu, akageuka, akautazama ukuta wa nyumba yake, na wenzake wote wakafuata, ikawa safu nzima ya migongo na kofia. Huku kwetu watu walikwisha kuvamia mikeka na vitambaa vya meza. Shangazi mmoja nilimuona amejifunika sinia.

Nilitaka kulia, na zaidi nilitaka kukimbia. Lakini turubai lilikuwa linazidi kushuka juu ya kiti cha Rukia, na wanaume hatuwezi kuwaita waingie, kwa hivyo nikajifunga leso kiunoni, nikaiokota ile nguzo mchangani, nikaisimamisha na kuikumbatia.

"Leteni leso zote," nikasema. "Fungeni moja kwa nyingine, kutoka kamba hii mpaka ile."

Wakafunga, likawa pazia la rangi zote na maandishi yake (mengine si ya kuwaonyesha wakwe), na ngoma ikaendelea. Mimi nikabaki pale pale, maana nikilegeza kidogo tu turubai linashuka. Athmani aliporudi alichungulia kwa nje, akaona, akachukua jembe akaanza kuchimba. Shimo lile lile alilolitaka asubuhi.

Hivyo ndivyo Bi Saumu alivyonikuta. Pikapu ilikuwa imeburura pazia langu kutoka Muyeye hadi Ganda, watu wakidhani ndiyo mapambo, bodaboda zikaifuata zikipiga honi. Akaingia amelikumbatia, limejaa mchanga na miiba.

"Shikamoo mama," nikasema, wanja umenishuka mashavuni. "Nisamehe siwezi kukupa mkono. Nikiiachilia hii itatuangukia sote."

"Marahaba, mwanangu." Akatazama leso, akatazama juu. "Nimewaletea pazia lenu."

Kisha akavua buibui lake, akalikunja vizuri juu ya kiti, akaja akaishika nguzo upande wa pili. Karibu kila picha ya Rukia kitini inatuonyesha nyuma yake, mimi na mkwe wetu, tumekaza meno.

Kesho yake tulifagia wenyewe kama nilivyosema, tukaosha viti, tukachambua miiba ya pazia mmoja mmoja, na nilipomaliza nikaenda kwa Mzee Bakari kuomba radhi.

"Radhi ya nini?" akaniuliza. "Sisi tulikuwa tunatazama ukuta. Kumbe unataka chokaa."

Harusi nyingine ikija nyumbani kwetu nitasimamia tena, hilo mashangazi walijue. Ila nimeapa jambo moja: mtu akiniambia kazi fulani inataka muda, nitanyamaza nimsikilize mpaka amalize, hata kama wageni wako mlangoni.