Siku Waliyotazama Ukuta

Marehemu mke wangu, Nadine, alilipwa kwa kuanguka kwenye filamu za vichekesho miaka kumi na tisa. Los Angeles nzima ilimcheka kabla hajafungua mdomo. Kisha akaomba kuongoza filamu ya huzuni. Mwenye filamu akamwambia, "Nisipoona kipande kizuri kabla ya chakula cha mchana, naleta mwingine."

Mimi nilikuwa seremala palepale studio. Kila akitoa amri, mafundi waliangua kicheko. "Dada Nadine, utatuua!" Wendell, aliyeigiza baba anayezirai, akawa anaanguka huku akiwatupia jicho wanaocheka. Nadine hakutulia. Alizunguka, akarudi, akazunguka tena.

Saa sita kasoro robo akasema, "Wote geukeni mtazame ukuta. Abaki mtu wa kamera tu."

"Unatania?" fundi mmoja akauliza.

"Geuka, wewe!"

Wendell akaanguka, safari hii hana wa kumtupia jicho. Mwenye filamu, aliyekuwa ameingia na kusimama mlangoni, akanong'ona, "Kaumia?" Kisha akasema, "Haya, endelea, mama."

Nadine akanifuata nyuma ya mbao. "Hubert, hawakucheka."

"Si ndicho ulichotaka?"

"Ndicho. Ila miguu bado inataka kuanguka."

Nikamshika mkono. Akauchomoa, akarudi kazini mbio.