Wimbo Alioachiwa Jéthro

Jéthro Kamate hakupenda vichekesho hata kidogo, na ndivyo vilivyomlisha. Baba yake alikuwa mwalimu wa kwaya kule Bulengera, mjini Butembo, mtu mkali aliyemfundisha kinanda kwa kumchapa vidole. Alipokufa aliacha wimbo mmoja aliotunga mwenyewe, wa polepole, ambao kwaya iliuimba jeneza lilipokuwa likitolewa nyumbani. Hakuna muumini wao aliyezikwa bila wimbo huo, na kwa mauaji ya upande wa Beni, maziko hayakukosekana.

Kanisa halikumlipa mpiga kinanda wake. Jéthro akateremka Beni, akapigia walevi na askari katika baa, wakamtukana kwa Kilingala kila alipokosea, mwisho akarudi Butembo na kinanda chake na chuki tele. Hapo ndipo Ézéchiel, mchekeshaji wa televisheni moja ya mjini, alipomchukua awe mtunzi wake. Ézéchiel aliigiza Papa Kilo, mnunuzi wa kakao anayechezea mizani na kutimua mbio kila anapogunduliwa. Alitaka muziki wa kumwingiza Papa Kilo, na aliutaka siku hiyo hiyo.

Jéthro hakuwa na wazo lolote, hasira tu. Akauchukua wimbo wa baba yake, akaukimbiza, akautia mdundo wa kuchezesha kiuno, na mwishoni mwa kila mstari akaongeza nota moja ya kujikwaa, ya mtu aliyekosa ngazi. Ézéchiel alicheka hadi akakaa chini. Jéthro naye alifurahi, tena sana: mzee wa kuchapa vidole leo kapatikana.

Muziki ukashika mji, na kwa miaka Jéthro aliupiga katika kila onyesho. Waendesha pikipiki waliupiga mluzi, watoto waliusindikiza kwa kuanguka chini. Kisha akazikwa Kasonia, mkulima aliyeuawa shambani kwake karibu na Beni. Jeneza likatoka, kwaya ikaanza, na mstari wa kwanza ulipokwisha watoto wakaijazia ile nota ya kujikwaa kwa midomo yao. Watu wazima waliuma midomo wasicheke. Mjane alisimama akiwatazama mmoja mmoja. Tangu siku hiyo Kavira, mkuu wa kwaya, hakumsalimia tena Jéthro.

Jéthro aliona wanamwonea. Hakujali, mpaka mama yake alipolala kitandani asiweze kuinuka.

“Munizike na wimbo ya baba yako,” mama alimwambia. “Ile tu. Ingine sitaki.”

Akaenda kwa Ézéchiel, akameza kiburi chake.

“Minakuomba, utoe ile muziki. Mama iko mbaya. Batu baisahau kwanza.”

“Lakini ndeko, ndugu yangu, ile ndiyo Papa Kilo mwenyewe! Batu banacheka mbele hata sijatokea. Utungie mama yako ingine.”

“Ni wimbo ya papa!”

“Na nani aliileta hapa? Mimi?”

Walishikana mashati, wakaachanishwa na mpiga picha. Jéthro aliacha kazi siku hiyo. Papa Kilo hakuacha. Muziki ulikuwa umekwisha kurekodiwa, ukaendelea kupigwa kila wiki.

Mama alipofariki, Jéthro alisimama mlangoni kwa Kavira.

“Siye hatuimbe tena ile,” Kavira alisema, wala hakumkaribisha ndani. “Baba yako alituachia wimbo ya kuzikia batu. Weye ukaipeleka kwa televisheni. Uipige weye peke yako.”

Basi aliupiga peke yake. Waliweka kinanda uani, wakawasha jenereta, jeneza likaletwa mlangoni. Kwaya ilisimama kando, midomo imefungwa. Alianza polepole kabisa, jinsi baba yake alivyotaka, na wanawake wakaanza kulia, na yeye mwenyewe machozi yakamtoka. Aliona mama yake anapata alichoomba. Mstari ukafika mwisho wake, na vidole, vilivyokwisha kuizoea kazi yao kwa miaka, vikapiga nota ya kujikwaa.

Mtoto mmoja akacheka. Kisha wengine, kisha mtu mzima fulani nyuma, kicheko cha kukohoa. Jéthro alirudia mstari, akakaza mkono, nota ikatoka tena.

Kavira akaja, akachomoa waya.

“Inatosha. Ubebe mama yako.”

Jéthro alitia bega chini ya jeneza. Walipotoka barabarani, nyuma yao watoto walikuwa wakiumalizia wimbo.